Baada ya Ushuhuda Kwisha

Kazi yangu ya kwanza ya kamera niliipata kanisani, mwaka 2008, nikiwa na umri wa miaka 18. Kwaya ya akina mama ya parokia yetu hapa Goma, mashariki mwa Kongo, ilitaka kutoa video ya nyimbo zake, na kijana aliyekuwa ameahidi kuipiga alisafiri kwenda Butembo bila kuaga. Mzee mmoja wa kanisa alinikabidhi kamera ndogo ya kanda, iliyokuwa ikitunzwa kabatini pamoja na vikombe vya meza ya Bwana, akaniambia niishike kama ninavyoshika Biblia. Nilirekodi nyimbo nane kwa siku mbili kando ya Ziwa Kivu, na sita kati yake hazikufaa kitu, kwa sababu upepo wa ziwani uliingia katika maikrofoni ukazimeza sauti za akina mama. Hivyo ndivyo nilivyoanza kujifunza kazi ambayo imenilisha hadi leo, na ambayo kwangu imekuwa na shabaha moja tangu mwanzo: kuwarekodi watu wanaomwamini Mungu mahali ambapo sababu za kukata tamaa zinaonekana kwa macho.

Shabaha hiyo sikuichagua mezani. Alhamisi ya tarehe 17 Januari 2002, mlima Nyiragongo ulipopasuka na moto wake kushuka mjini, nilikuwa mtoto wa miaka 12, nasi tulikuwa tukiishi Majengo. Tulikimbilia Gisenyi, ng'ambo ya mpaka wa Rwanda, pamoja na maelfu ya watu wengine, mama akiwa amebeba mdogo wangu mgongoni na kopo lake la kupimia unga mkononi, kwa kuwa lilikuwa ndicho kitu alichokuwa amekishika habari ilipomfikia sokoni. Moto ule ulipita katikati ya mji, ukafunika sehemu ya kaskazini ya njia ya ndege, ukaliteketeza kanisa kuu la Wakatoliki, kisha ukaingia ziwani. Tuliporudi baada ya siku chache, mawe yalikuwa bado yana joto lililopenya kandambili. Mtaa wetu haukuwepo tena. Palikuwa na uwanda mweusi unaotoa moshi, na watu wakitembea juu yake wakibishana ni wapi palikuwa na njia na ni wapi palikuwa na choo cha jirani. Mama alisimama mahali alipodhani ni kwetu, akafumba macho, akaomba kwa muda mfupi sana. Alipofumbua macho hakulia wala hakuimba. Alianza kuhesabu hatua, kumi na mbili upande huu, kumi na tano upande ule, na kila pembe akaweka jiwe.

Maneno ya ombi lile sikuyasikia, na mama hakuwahi kuniambia. Ila nakumbuka vizuri kwamba baina ya "Amina" na hatua ya kwanza hapakuwa na nafasi hata ya kuvuta pumzi. Nilipokuja kuwa mtu wa kamera, niligundua kwamba nilikuwa nikiitafuta hatua ile ya kwanza katika kila nyumba niliyoingia.

Miaka minne ya kurekodi harusi, ubatizo na kwaya ilinifundisha mambo ambayo hakuna shule ingenifundisha, kwa sababu yanatokana na mji wenyewe. Goma imejengwa juu ya mawe meusi ya volkano. Kamera ikiachiwa ijipimie mwanga yenyewe, huuona weusi ule mwingi, ikadhani pana giza, ikaongeza mwanga kupita kiasi, na nyuso za watu zikapauka hadi jasho na machozi yasitofautike. Nilijifunza kupima mwanga usoni mwa mtu na kuyaacha mawe yawe meusi kama yalivyo. Nyumba zetu nyingi ni za mbao na mabati: mbao hupitisha redio ya jirani, na mabati, mvua inapoanza, hugeuka ngoma isiyoruhusu neno lolote kusikika. Kwa hiyo mahojiano yote yenye uzito huyafanya alfajiri, kabla jenereta hazijawashwa na kabla pikipiki hazijajaa barabarani, na huomba magodoro na vitenge vya nyumba hiyo nivitundike ukutani ili sauti isirudi. Katika kiangazi cha Juni hadi Agosti, vumbi la mawe hayo hukwaruza kioo cha lenzi kama msasa. Ninayaeleza haya kwa vijana wanaotaka kuanza, kwa sababu nimeona filamu nyingi zenye nia njema zikikataliwa si kwa ubaya wa habari zake bali kwa sababu hakuna aliyeweza kusikia kilichosemwa.

Kuwaonyesha Wakongo imani kwa njia ya filamu si jambo jipya katika nchi hii. Wakati wa ukoloni wa Kibelgiji, mapadri wamisionari walikuwa miongoni mwa watu waliotengeneza filamu nyingi kwa ajili yetu, na katika filamu hizo sisi tulikuwa watu wa kufundishwa, mara chache watu wa kusikilizwa. Nilichelewa sana kujua kwamba kulikuwa na njia nyingine. Nilianza kuifahamu hapa hapa mjini, katika maonyesho ya kituo cha Yole!Africa na tamasha lake la filamu, ambako kwa mara ya kwanza niliketi katika uwanja uliojaa vijana wa Goma wakitazama filamu iliyozungumza Kiswahili chetu. Baadaye nilisoma habari za Mweze Ngangura, mzaliwa wa Bukavu, ambaye mwaka 1999 alitwaa tuzo kuu ya FESPACO, tamasha la filamu za Kiafrika huko Ouagadougou, ile iitwayo Farasi wa Yennenga. Bukavu ni mji wa ng'ambo ya ziwa letu. Shangazi yangu anakaa huko. Sijui niseme vipi jinsi ukaribu huo ulivyonitia nguvu.

Kisha yalikuja mashirika. Mwaka 2012, vita vilipofika hadi ndani ya Goma mwezi Novemba na kambi za wakimbizi zikajaa kuuzunguka mji, kila shirika lilihitaji mtu mwenye kamera anayejua lugha ya watu. Nililipwa kwa siku moja fedha nilizokuwa nikizipata katika harusi mbili, na sitasema kwamba fedha hizo zilikuwa mbaya, kwa kuwa ndizo zilizomsomesha mdogo wangu. Filamu walizozitaka zilikuwa za dakika tatu, na mpangilio wake haukubadilika: mtu alikuwa na maisha, maisha yakabomoka, msaada ukaja, mtu anatabasamu. Mwisho wa karatasi ya maelekezo paliandikwa neno la Kifaransa ambalo katika ripoti za Kiswahili hutafsiriwa ustahimilivu. Nimewarekodi mamia ya akina mama na sijamsikia hata mmoja akijiita mstahimilivu. Wao husema "tunajikaza". Tofauti hiyo nilianza kuitilia maanani polepole, na sasa naiona kubwa. Ustahimilivu ni sifa ambayo mtazamaji humpa mtu anayetazamwa. Kujikaza ni tendo, linachosha, linaumiza viungo, na mwenye kujikaza anajua kwamba kuna siku nguvu zinaweza kumwishia.

Kosa ambalo limenifunza kuliko masomo yote nililifanya katika kambi moja upande wa Mugunga, mwaka 2013. Nilikuwa nikimrekodi mjane mwenye umri wa kuwa bibi yangu. Alipomaliza kueleza safari yake kutoka Masisi, bila kuombwa na mtu, aliweka mikono juu ya magoti na kuanza kuomba kwa sauti ya chini, akiwataja wanawe mmoja mmoja, walio hai na waliokufa, bila kuwatenga. Nilijua papo hapo kwamba sijawahi kurekodi kitu cha namna hiyo. Nilipoweka vipokea sauti masikioni ili kukagua, nikakuta upepo umeharibu nusu ya maneno. Nikafanya nilichofanya kila siku kwa wakurugenzi wa miradi na maofisa waliokosea hotuba zao: nilimwomba arudie.

Alinitazama kwa muda. Hakukasirika, na hilo ndilo lililoniuma. Aliniambia: "Mwanangu, Mungu alisikia mara ya kwanza. Kama mashini yako haikusikia, hiyo haiko kazi ya Mungu."

Niliifunga kamera. Shirika lililonituma halikupata ombi lile, wala halikujua kwamba limelikosa. Tangu siku hiyo sijamwomba mtu yeyote arudie sala, wimbo wa msibani, wala ukimya. Vilivyopotea vimepotea. Nimewahi kupoteza mengi kwa kushika kanuni hiyo, na bado naamini kwamba filamu inayojengwa juu ya ombi lililorudiwa kwa ajili ya mashini imesimama juu ya udanganyifu, hata kama machozi yaliyomo ni ya kweli.

Lakini jambo hilo lilinifungulia swali gumu zaidi, linalohusu ushuhuda wenyewe. Makanisani mwetu ushuhuda ni fani kamili, ina kanuni zake kama utenzi. Mtu husimama, humsifu Bwana mara tatu, husimulia shida, husimulia jinsi watu walivyomcheka, kisha hufikia siku ya kufunguliwa, na kanisa huitikia. Nimekulia ndani ya fani hiyo na ninaiheshimu. Nimeona watu wakishikiliwa nayo wasianguke. Hata hivyo, mtu aliyezoea kutoa ushuhuda hukupa mbele ya kamera kile alichokwisha kukinyoosha. Ni kweli, lakini ni ukweli uliopigwa pasi. Na filamu za mashirika, ingawa zimeandikwa na watu wasiosali, zinafuata mpangilio ule ule, ila tu mahali pa Bwana pamewekwa mradi. Nilianza kujiuliza ni wapi kwenye kamera yangu ataingia mtu ambaye bado hajafunguliwa, ambaye anaamini na jibu halijaja.

Jumamosi jioni, tarehe 22 Mei 2021, Nyiragongo ulipasuka tena. Safari hii moto ulikata barabara kuu ya kwenda Rutshuru na Butembo, ukazimeza nyumba nyingi za vijijini kaskazini mwa mji, ukasimama Buhene, karibu kabisa na uwanja wa ndege. Siku tano baadaye, ardhi ikiendelea kutetemeka, mamlaka iliamuru wakazi wa mitaa kumi waondoke, na barabara ya Sake ikajaa watu usiku na mchana, wengine wakivuka mpaka, wengine wakipanda meli kwenda Bukavu. Mwezi Septemba mwaka huo nilianza kuirekodi kwaya ya akina mama ambayo kanisa lake la mbao huko Buhene lilikuwa limeteketea, na ambayo ilikuwa ikikutana kila Jumapili juu ya jiwe lililoganda mahali kanisa lilipokuwa, viti vikiwa ni madumu yaliyopinduliwa.

Kiongozi wao, ambaye wote walimwita Mama Prezidenti, alinipa siku ya kwanza ushuhuda wa dakika ishirini usio na dosari. Alijua wapi pa kunyamaza. Nilimshukuru, nikaanza kufunga vifaa, na hapo mvua ikanyesha. Tulikimbilia chini ya shitingi, yaani turubai la plastiki, watu kumi na sita tumebanana, na kwa kuwa hapakuwa na jambo la kufanya ila kungoja, yeye alitoa mfukoni daftari la shule, kaye kama tusemavyo sisi, akaanza kuita majina ya wanakwaya na kupokea michango ya faranga 500 kila mmoja. Kila aliyeitwa aliitikia "Eko", ambayo katika Kiswahili chetu cha huku ni kusema yupo. Jina moja lilipoitwa, aliyeitikia alikuwa mtu mwingine, naye alitazama chini alipoitikia. Mama Prezidenti aliweka alama, akatoa faranga 500 kutoka katika fundo la kitenge chake mwenyewe, akaendelea na jina lililofuata.

Niliuliza baadaye, kwa sauti ya chini. Mwanakwaya yule, mwimbaji wa sauti ya pili, alionekana mara ya mwisho kwenye barabara ya Sake siku ya kuhama. Aliyeitikia kwa niaba yake ni wifi yake. Nilidhani nimeelewa, nilidhani kwamba ni watu wasiotaka kukubali kilichotokea. Nikauliza swali ambalo sasa linanitia aibu: kama hawaoni vema kulitoa jina lile ili moyo upumzike. "Hatujamzika," alisema Mama Prezidenti. "Mtu mwenye hajazikwa anaandikwa."

Niliomba kurekodi daftari lile. Alikataa. Niliomba tena baada ya mwezi, akakataa, na mara hiyo alinieleza kwamba daftari si ushuhuda, ni hesabu baina yao na Mungu. Sikuomba mara ya tatu. Niliendelea kwenda Buhene Jumapili baada ya Jumapili, nikirekodi mazoezi, ugomvi kuhusu rangi ya sare, jinsi mawe yalivyovunjwa kwa nyundo ili kupata mahali pa kusimika nguzo, na mara nyingi sikurekodi kitu, kwa sababu nilikuwa nikibeba mbao kama wengine. Ilikuwa mwezi Februari 2022, karibu miezi mitano tangu siku ya mvua, alipoketi kando yangu akaniambia: "Jumapili ijayo kuja na mashini karibu. Nitaita majina." Sijui ni kitu gani kilibadilika moyoni mwake. Ninachoweza kusema ni kwamba kama ningelirekodi daftari lile siku ya kwanza kwa hila, chini ya shitingi, ningepata picha ya daftari.

Tulirekodi kwa miezi 14. Tangu Jumapili ya kwanza ya Julai 2021, kwaya ilipokusanyika tena, hadi Jumapili ya mwisho ya Novemba 2022, jina lile liliitwa mara 74, na faranga 37,000 zilitoka katika fundo la kitenge cha Mama Prezidenti, mwanamke anayeuza makaa kwa vipimo vya kopo. Hesabu hiyo niliipiga mimi wakati wa montaji, yaani kukata na kuunganisha picha. Yeye hakuwahi kuipiga, na nilipomtajia alishangaa kwamba mtu anaweza kuhesabu kitu kama hicho.

Montaji ndiyo sehemu iliyonijaribu kuliko zote. Mshirika wa uzalishaji kutoka Ulaya, aliyetoa fedha za kusafisha sauti, alitaka filamu ianze kwa moto wa mlima na maombi yapunguzwe, kwa sababu aliona kwamba watazamaji wake wangeyachoka. Wazee wa kanisa, kwa upande wao, walitaka iishie siku ya kuzinduliwa kwa jengo jipya la mbao, kwaya ikiwa imevaa sare, ili Bwana apewe utukufu, na walihofia kwamba habari ya mwanakwaya asiyerudi ingewavunja moyo waamini. Nilikaa na madai hayo mawili kwa majuma mengi, nikidhani yanapingana, hadi nilipotambua kwamba yanataka kitu kile kile: kila upande uliniomba niondoe kungoja. Mmoja alitaka maafa tu, mwingine ushindi tu, na kati ya hayo mawili ndiko akina mama wale walikoishi miezi yote 14. Uzinduzi wa jengo niliuweka katikati ya filamu, dakika nne, kwa furaha yake yote, kisha Jumapili iliyofuata ndani ya jengo lile lile majina yanaitwa kama kawaida. Fedha za awamu ya mwisho sikuzipata. Harusi tano ziliziba pengo hilo, na sijutii hata moja.

Ridhaa niliiomba mara tatu: kabla ya kurekodi, baada ya kurekodi, na mara ya mwisho baada ya kuwaonyesha filamu nzima juu ya shuka iliyotundikwa ndani ya kanisa lao. Hiyo ya tatu ndiyo yenye maana, kwa kuwa hakuna anayeweza kukubali kitu ambacho hajakiona. Wifi wa yule mwanakwaya aliomba sehemu moja itolewe, sekunde chache alipokuwa akimfokea mtoto. Kwa macho ya ufundi zilikuwa sekunde nzuri sana. Nilizitoa usiku ule ule.

Vijana sita ninaowafundisha siku za Jumamosi hunitaka mara kwa mara nitengeneze filamu juu ya Floribert Bwana Chui, na ninaelewa kwa nini. Alizaliwa Goma mwaka 1981, alikuwa mwanajumuiya wa Sant'Egidio, jumuiya ya Kikatoliki ya walei, na aliwafundisha watoto wa barabarani katika Shule ya Amani. Alifanya kazi katika ofisi ya serikali inayokagua bidhaa, na Julai 2007 aliuawa baada ya kukataa rushwa iliyokusudiwa kupitisha vyakula vilivyoharibika. Tarehe 15 Juni 2025 alitangazwa mwenye heri huko Roma, katika Basilika la Mtakatifu Paulo Nje ya Kuta. Mimi si Mkatoliki, nami nililia nilipoisikia habari hiyo. Hata hivyo huwaambia vijana kwamba kama siku moja nitathubutu, sitaanza na kifo chake, ambacho kila mtu anakifahamu. Nitaanza na meza: muhuri, fomu ya kukagua mzigo, magunia, simu inayolia na mtu upande wa pili anayetaja kiasi cha fedha kwa upole. Huko ndiko imani yake ilikofanya kazi, mahali ambapo saini moja ingetosha na hakuna ambaye angemlaumu, kwani mjini kwetu wengi wameshasema kwamba ndivyo maisha yalivyo. Kisha huwapa zoezi la siku zote: mrekodi mtu akifanya kazi yake kwa dakika ishirini, bila kumuuliza neno, na uniambie ni wapi ulimwona akiamua.

Mwishoni mwa Januari 2025 vita viliingia tena Goma na mji ukachukuliwa na waasi wa M23. Benki na uwanja wa ndege vikafungwa, na mwezi Februari kambi zilizouzunguka mji zikaondolewa, watu wakiambiwa warudi walikotoka. Nina saa nyingi za picha za mahali ambapo leo pana ardhi tupu na mashimo ya vyoo. Nilitengeneza nakala tatu za kila kitu na kuzisambaza, moja ikiwa nje ya mji. Yaliyonichukua usingizi, hata hivyo, hayakuwa hofu ya kupoteza picha bali hofu ya picha zenyewe, kwa sababu uso uliorekodiwa wakati wa amani unaweza kumhukumu mwenye uso wakati wa vita. Watu wengi hudhani kwamba kuufunika uso kwa ukungu kunatosha. Hakutoshi. Jirani humtambua mtu kwa sauti, kwa jinsi anavyofunga kilemba, kwa mbao za ukuta wake, na sare ya kwaya humtaja mtu waziwazi kama kitambulisho. Filamu ambayo nilikuwa nimeikusudia kwa mwaka ule, yenye watu watatu kutoka kambi mbili, nimeiweka kando hadi watakaponiambia wenyewe kwamba wako salama. Mmoja wao sijampata mpaka sasa.

Bado ninakwenda Buhene. Mama Prezidenti amedhoofika macho, kwa hiyo daftari, ambalo sasa ni la tatu, husomwa na binti yake, na mama mwenyewe huketi kando akiweka alama kwa kidole hewani. Majina ya wasiojulikana waliko yameongezeka tangu Januari ile, na wanaoitikia kwa niaba yao wamegawana kazi hiyo, wengine wakiitikia mara mbili, wengine mara tatu. Akina mama waliniomba nisiwaonyeshe nyuso kwa sasa, ila walitaka kusomwa kwa majina kuhifadhiwe. Jumapili iliyopita kulichukua dakika kumi na moja, muda mrefu kuliko nyimbo zote mbili zilizotangulia. Nilirekodi sauti peke yake, kamera ikiwa imefungwa ndani ya mfuko wake miguuni pangu, na mvua ilipoanza kugonga mabati kuelekea mwisho, niliiacha mashini iendelee kuwaka.